Maji ya Ubao na Ukuta wa Soko la Samaki

Kuna asubuhi moja ya Homa Bay ambayo haijanitoka mpaka leo, mwanangu. Jana uliponijia umenuna ilinirudia yote. Ulisema mwenzako wa Kikuria, huyo mnayechora naye ukuta kule Rodi Kopany, anakutilia shaka. Kila ukigeuka yuko nyuma yako anachungulia. Ukasema unataka kuiacha kazi, abaki na ukuta wake. Mimi sikukujibu, nilikuambia tu unywe chai kwanza. Leo nakujibu. Kaa vizuri, maana sijui kusema kwa mkato, mama yako ni shahidi.

Ilikuwa miaka ya tisini, miaka ile gugumaji lilipoanza kulivamia ziwa. Nilikuwa kijana, kifua mbele, na kitu nilichojivunia kilikuwa kimoja tu: mwandiko wangu. Marehemu baba alikuwa fundi cherehani aliyekuja Migori kutoka Tabora. Mama alikuwa Mjaluo wa Kendu Bay, wa familia ya Kiislamu. Kwa hiyo nilisema Kiswahili nyumbani na Kijaluo sokoni, lakini kwa Wajaluo mtoto ni wa babake, na mimi nikabaki mgeni hata nikisema lugha yao bila kukwama.

Khati ya Kiarabu nilifundishwa na mzee mmoja wa msikitini Migori, tuliyemwita Maalim. Alitufundisha kwa ubao wa mbao, kalamu ya tete na wino wa masizi. Unaandika, anaangalia, anatikisa kichwa, unaosha ubao kwa maji, unaandika tena. Na yale maji ya kuoshea ubao, Maalim hakukubali kamwe yamwagwe njiani watu wakayakanyaga. Alisema herufi hizi ndizo zilizotumika kuandika Kitabu, basi hata ukiandika jina la duka, zitunzie heshima yake. Tulikuwa tukiyamwaga mtoni. Hatukuuliza zaidi, kwa sababu Maalim alikuwa na bakora na mkono mwepesi.

Nilipokuwa mtu mzima nilijipatia riziki kwa kuandika majina kwenye malori ya miwa ya Awendo. Dereva akitaka aandikiwe "Mungu Mbele" nilimwandikia, na pembeni nikamtilia pambo dogo la khati, bure, kwa majivuno yangu tu. Pambo moja la namna hiyo lilionwa na mfanyabiashara wa vifaa vya ujenzi wa Homa Bay, Mwislamu, aliyekuwa amejitolea kutoa rangi ili ukuta mrefu wa soko la samaki upambwe. Mwanangu, ukuta ule ulikuwa choo cha wanaume wa mji. Kamati ya soko ilikuwa imeandika "Usikojoe Hapa" mpaka ikachoka, na watu wakakojoa juu ya hayo hayo maandishi. Sasa wakasema, tuuchore, labda wataona haya.

Kamati ilikuwa na mchoraji wake, Okech. Okech alikuwa akipamba mashua za wavuvi, na samaki wa mbuta aliyemchora yeye ungedhani atakupiga mkia. Yule mfanyabiashara mwenye kutoa rangi naye akanitaka mimi, ili ukuta uwe na picha za mtu wa ziwani na khati ya Kiarabu, soko lionekane ni la watu wote. Wazo lilikuwa zuri. Ila hakuna aliyekaa nasi kutuunganisha. Tuliambiwa tu, huyu ni mwenzako, ukuta ule pale.

Tuliusugua kwa sabuni, tukaupaka chokaa, tukagawana. Okech angeanza upande wa kushoto na mimi upande wa kulia, kwa sababu mwandiko wangu hutokea kulia, halafu tukutane katikati. Aya ya Kitabu sikuthubutu kuiweka pale. Nilichagua maneno ambayo kila mtu sokoni anayo mdomoni: rizki, subira, salama, baraka. Niliyaandika makubwa, yenye kupinda na kusukana, na mtu asiyezijua herufi zile asingeweza kujua yanasema nini.

Siku ya kwanza kabisa Okech aliweka brashi chini, akaja upande wangu, akasimama kwa muda. Akaniuliza, "Omera, ndugu yangu, hii umeandika inasema nini?"

Nikamjibu, "Maneno mazuri tu."

Hayo ndiyo yalikuwa majibu yangu yote. Usiniulize kwa nini, maana nakwambia mwenyewe. Kwanza, niliogopa nikimwambia ni rizki atacheka na kusema, ni hiyo tu? Si ungeiandika kwa herufi za watu? Pili, nilipenda kuonekana mwenye siri. Ujana, mwanangu, ujana ni moshi. Okech aliguna, akarudi kwenye samaki wake, na hakuniuliza tena juu ya maandishi.

Tangu siku ile shaka ilihamia pale ukutani ikawa mtu wa tatu. Okech aliamini nimewekwa na mwenye rangi ili nimchunguze asiibe. Aliamini pia kwamba naandika dini yangu juu ya ukuta wao, na siku wakizinduka watakuta soko zima limesilimishwa bila wenyewe kujua. Mimi nami nilimwangalia kwa jicho la pembeni. Alikuwa Msabato wa kweli kweli, Jumamosi hagusi brashi. Mimi Ijumaa mchana naenda msikitini. Kwa hiyo kila wiki kulikuwa na wakati ambao mmoja wetu aliuacha ukuta mikononi mwa mwenzake, na hapo ndipo moyo ulipokuwa ukidunda. Ijumaa nikisujudu, mawazo yangu yalikuwa ukutani. Wahenga walisema kikulacho ki nguoni mwako, na mimi nguo yangu nilikwisha kuamua ni Okech.

Ijumaa moja nilirudi nikakuta amechora wavuvi wawili ndani ya herufi yangu. Ni herufi yenye tumbo, iliyo wazi juu, na yeye alikuwa ameiona mashua. Amewaweka mle na kasia zao na wavu. Nilijua ananidhihaki. Leo ningempa mkono, maana watu walikuja kuipenda sehemu ile kuliko ukuta wote, lakini siku ile nilinyamaza na kumeza. Min Ogola, mama mzee aliyekuwa akiuza uji pale kando ya ukuta na kutupa vikombe vyetu asubuhi kabla ya wateja wengine, alimsifu Okech kwa sauti, akanitazama mimi usoni, akaacha kusifu. Yule mama alikuwa haongei sana. Alikuwa anaangalia.

Sasa sikia habari ya maji. Nilikuwa nimepewa chumba nyuma ya duka la mwenye rangi. Kila alfajiri baada ya kuswali niliandika neno la siku hiyo kwenye ubao, kama nilivyofunzwa, mpaka mkono ukubali. Halafu naosha ubao ndani ya ndoo, naifunika kwa kitambaa, naibeba mpaka kwenye mawe kando ya ufuo ambako watu hawakanyagi, namwaga ziwani. Nilifunika ili nisiulizwe. Nilipita njia ya nyuma ili nisionwe. Asubuhi moja Okech akakutana nami uso kwa uso, akauliza ndoo hiyo ni ya nini. Nikacheka, nikamwambia ni mambo ya mwalimu wangu, nikampita.

Wewe jiweke mahali pa wavuvi wale. Miaka ile kila kanisa na kila kibanda cha chai kilikuwa na habari za waabudu shetani. Maandishi ya Kiarabu wengi wao walikuwa wameyaona mahali pamoja tu, ndani ya hirizi za waganga waliovuka mpaka kutoka upande wa Tanzania. Na Mjaluo ukimwambia kuna mtu anatembea kabla ya jua na kitu kilichofunikwa, hakuulizi jina lake. Anajua ni jajuok, mchawi. Lisemwalo lipo, na kama halipo laja. Nami nilikuwa nalileta kwa miguu yangu mwenyewe, kila alfajiri.

Basi ikaja hiyo asubuhi. Upepo uligeuka, na watu walipoamka wakakuta ghuba yote ni kijani. Gugumaji lilikuwa limejaa kutoka ufuoni mpaka macho yanapochokea. Mashua zilikwama ndani yake, nyavu zilizotegwa jana zimefukiwa chini, na ambao walikuwa nje ya ghuba hawakuweza kuingia na samaki wao. Hatukuwa tumewahi kuliona jingi kiasi kile. Wanawake wa sokoni walikaa na beseni tupu. Mimi nilipofika ukutani na brashi zangu niliona watu wamenigeukia wote, na mvuvi mmoja mrefu akanyoosha kidole. Akasema huyu ndiye, amemwona kule kwenye mawe asubuhi nyingi, anamwaga kitu na midomo inamchezacheza.

Ni kweli midomo ilikuwa inanicheza. Ni nyuradi zangu baada ya swala. Lakini nani angenisikiliza?

Walivamia chumba changu, wakaleta ndoo na ubao. Ubao ulikuwa bado na kivuli cha wino. Wakaupitisha mkono kwa mkono bila mtu kutaka kuushika sana. Wengine walikwisha kuchota oili chafu ya gari waimwage juu ya maandishi yangu. Wengine wakasema ukuta ungoje, kwanza mchawi huyu aende akalitoe jini lake lililoleta gugu. Wamtupe humo humo kwenye gugu. Mwanangu, mimi ni mtu wa Migori, mto wetu naujua wa kuvuka kwa miguu. Sijui kuogelea. Na hata ajuaye, akiingia chini ya gugu lile mizizi inamshika, hatoki. Walinikamata kwa mikono yote miwili na kunisogeza kuelekea majini, na mimi nikaanza kulia, sitakuficha.

Hapo ndipo yule mvuvi mrefu alipomgeukia Okech. "Wewe si unafanya na yeye kazi? Hii maji ni ya nini?"

Nikamtazama Okech. Nilijua nimepona. Tulikula pamoja, tulipanda kiunzi kimoja, nilimshikia ngazi. Neno moja tu kutoka kwake, mtu wao, Msabato wao, lingetosha.

Okech akanitazama, akatazama chini. Akasema, "Mimi sijui."

Ee bwana, maji yalikuwa baridi. Nakumbuka viatu vyangu vikijaa na majani ya gugu yakinigusa magotini. Walionishika walikuwa wamesimama kidogo, kila mmoja anamngoja mwenzake asukume. Ndipo nilipomsikia Min Ogola. Hakupiga kelele. Alikuja na mwiko wake wa uji mkononi, akaingia majini na rinda lake, akauliza swali la kawaida kabisa. Aliuliza, mkimuua huyu, nani atatuambia alikuwa anamwaga nini? Gugu likikaa mwaka mzima, mtamuuliza nani? Ni swali ambalo hata mwenye hasira alitaka jibu lake.

Akanigeukia mimi. "Sema. Na useme yote, usiseme nusu."

Nikasema yote. Habari za Maalim, za ubao, za masizi, za heshima ya herufi. Wakaniambia niwasomee ukuta. Nikawasomea kutoka ndani ya maji, neno moja moja: rizki, subira, salama, baraka. Mwanamke mmoja muuza omena, wale dagaa wa ziwani, akasema, lakini haya si ndiyo maneno tunasemanga kila siku? Mwingine akasema huenda anadanganya, nani anajua kusoma hiyo? Basi Min Ogola akataka niandike pale pale, mbele yao. Nilikaa mchangani nikaandika rizki kwenye ubao. Ulikuwa mwandiko mbaya kuliko wote niliowahi kuandika, Maalim angenichapa. Nikauosha, wakachungulia ndani ya ndoo wakaona maji meusi ya masizi, hakuna nyoka, hakuna damu. Wakaniachilia. Si wote walioamini. Yule mrefu alitema mate, akaenda zake.

Nilidhani Min Ogola atanipa pole. Alinikalisha kwenye benchi lake, akanipa uji, akangoja nimeze. Kisha akaniambia kwa Kijaluo, nami nakupa kwa Kiswahili:

"Mtoto wangu, umekula uji wangu siku zote hizi, na ulikuwa na neno zuri ukalificha kama mtu anayeficha nyama. Mtu akificha, sisi hatufikirii kitu kizuri. Wewe ungefikiria?"

Mficha uchi hazai, ndivyo wanavyosema wazee wa baba yangu, na yule mama wala hakuijua methali ile. Alikuwa na akili yake tu.

Nilipanda gari siku hiyo hiyo nikarudi Migori, na niliapa Homa Bay sitaiona tena. Baada ya siku chache upepo ukageuka, gugu likahamia ghuba nyingine, kama lilivyokuwa na kawaida yake. Unadhani watu walisema ni upepo? Nusu walisema Mswahili ameita jini lake likarudi. Kuna bwana alinifuata mpaka Migori na chupa, akitaka nimtilie maji ya ubao akamwage kwenye ufuo wao. Nilimfukuza. Ungecheka, lakini mimi sikucheka. Shaka ikishaingia kwa watu haitoki kwa ushahidi, inabadilisha nguo tu.

Kilichoniuma hasa hakikuwa wavuvi. Kilikuwa Okech. Usiku na mchana nilikuwa namtukana moyoni. Akufaaye kwa dhiki ndiye rafiki, na huyu alinitupa mbele ya kadamnasi. Basi siku moja nikiwa nimekaa kwenye cherehani ya baba, nikamwona anaingia. Amekuja kwa gari kutoka Homa Bay, amevaa shati lake la kanisani. Baba akamkaribisha vizuri, maana baba alikuwa hajui, akatuachia chumba. Okech akasema amekuja kunichukua tumalize ukuta, katikati bado ni peupe na watu wameanza kupakojolea.

Nikamlipukia. Nikamwambia yote niliyokuwa nimeyaweka. Kwamba alinikana. Kwamba aliona napelekwa kuuawa akasema hajui.

Alinisikiliza mpaka nikachoka. Halafu akasema, "Nilikuuliza maandishi, ukasema ni maneno mazuri tu. Nikakuuliza ndoo, ukacheka ukanipita. Siku ile wananiuliza, nikatafuta ndani yangu kitu cha kuwaambia, nikakosa. Ulitaka niape juu ya kitu sikijui? Ungeniambia, ningesimama nawe ndani ya maji. Hukunipa hata neno moja la kukutetea."

Mwanangu, nimepigwa na baba, nimepigwa na Maalim, nimeshikwa na wavuvi wa Homa Bay. Hakuna kilichonipiga kama maneno yale. Nilikuwa nimemwandalia hukumu, kumbe mimi ndiye niliyemfunga mdomo tangu siku ya kwanza. Mtu yule alikuwa na moyo wa kunitetea. Alikosa cha kusema, na uongo dini yake haimruhusu. Nililia tena, mara ya pili kwa sababu ya ukuta mmoja. Kisha nikachukua brashi zangu tukaenda.

Tuliumaliza. Nilikuwa nikimwambia kila neno kabla sijaliandika, na yeye akinieleza kila samaki na mahali anapovuliwa, hata nilipochoka na samaki wake. Shaka ya watu haikwisha, na yule mrefu hakunisalimia mpaka nilipoondoka. Sawa. Sikuwa na haki ya kudai zaidi.

Sasa wewe. Unasema huyo kijana wa Kikuria anakuchungulia. Ulikwisha kumwambia unachokifanya? Simaanishi kumjibu akiuliza, namaanisha kumwambia kabla hajauliza. Ukifanya kazi na mtu wa kabila jingine au dini nyingine, yeye hawezi kukisia adabu zenu, kama wewe usivyoweza kukisia za kwao. Kinachoonekana kwako ni heshima, kwake ni uchawi. Usimkasirikie kwa kukutilia shaka, shaka si dhambi, ni macho ya mtu asiyejua. Dhambi ni kumwacha gizani makusudi halafu ukamdai mwanga. Mweleze kazi yako, mweleze na vitu vyako vidogo unavyoviona haya, aseme atakavyo. Na yeye muulize vyake, hata kama jibu la kwanza litakuwa fupi, rudi tena. Maana itakuja siku, na Mungu aicheleweshe, watu watamwuliza kuhusu wewe ukiwa huna nafasi ya kusema mwenyewe. Siku hiyo utakachokuwa nacho ni kile tu ulichomwekea mdomoni.

Nenda basi, jua halijapanda sana, utamkuta ukutani. Mola akupe mwenzi mwenye kuuliza, akupe na ulimi usiochoka kumjibu. Mkono wako usitetemeke, na popote utakapokamatwa awepo mtu mmoja wa kusema, huyu namjua.